Térence Nzambimana, Mdai wa Tisa

Marehemu Térence Nzambimana alizaliwa Muramvya tarehe 14 Aprili 1951, mtoto wa pili wa mzee Bukuru na mama Spéciose. Alikuwa mdogo wangu.

Alisoma shule ya msingi kwa mapadri, kisha sekondari miaka mitatu hapa Bujumbura. Karo ilitosha mtoto mmoja, akaenda yeye. Kila likizo alirudi na daftari zake ili kaka yake aliyebaki na mbuzi asome pia. Hakuna aliyemwagiza.

Tarehe 2 Februari 1976 aliajiriwa katika maktaba ya chuo kikuu, na kwa miaka arobaini aliandika kadi za vitabu kwa mkono. Siku moja mkuu wa kitivo alimtuma mlinzi achukue kitabu bila kutia sahihi. Térence alimrudisha mikono mitupu: "Umwambie bosi aje mwenyewe. Kalamu haiumi." Mkuu akaja, akacheka, akatia sahihi. Enzi hizo mkubwa alikubali kukumbushwa na mtu wa chini. Sasa kadi zile zimechomwa.

Tarehe 4 Agosti 1979 alimwoa Daphrose, wakapanga nyumba Nyakabiga, wakawazaa Gaël na Orlane. Watu wa mtaa ule hawakusikia ugomvi wao, ingawa kuta zilikuwa nyembamba.

Alistaafu tarehe 30 Aprili 2016. Mshahara wake ulikatwa pensheni kila mwezi, lakini makato ya miaka mingi hayakufika kwenye mfuko. Mwaka 2018 yeye na wenzake wanane wakaenda mahakamani kudai malimbikizo. Jina lake liliandikwa la tisa.

Waliambiwa kwamba mdai akifa, kesi inasimama mpaka familia yake ilete mrithi. Shaabani, mmoja wao, alikufa mwaka 2019, kesi ikasimama miezi kumi na minne. Akafuata wa pili, akafuata wa tatu. Kila mara Térence alikwenda matangani na bahasha ya kesi, kuomba familia ikae mapema imtaje mrithi. Watu wakaanza kumwogopa. Alipofika kwa Khadidja, mjane wa Amissi, mama huyo alimzuia mlangoni: "Papa Orlane, we karibu. Lakini iyo bahasha ibaki inje. Inakula watu." Akaiweka juu ya kigoda uani, akaingia kutoa pole.

Mwaka jana alibaki peke yake kati ya wale tisa. Karani wa mahakama alimzoea. "Eh, muzee, we bado uko?" "Niko. Andika kama nilifika."

Kodi ya Nyakabiga ilikuwa imemshinda tangu 2021, wakahamia Buterere. Mvua za Aprili 2024 zilileta maji ndani mpaka kwenye godoro, na kifua chake hakikupona tena. Tarehe 18 Februari mwaka huu alitoka kwenye kitanda cha hospitali akaenda kusikilizwa. Wakili wa upande wa pili alimtazama akikohoa, akasimama, akaomba muda zaidi. Akapewa mwezi mmoja. Térence aliaga dunia Jumapili tarehe 9 Machi 2025, saa nne asubuhi, mkono wake ukiwa katika mkono wa Daphrose.

Kwa desturi yetu mrithi hatajwi siku ya kuzika. Hutajwa siku ya kuondoa matanga, machozi yakiwa yamekauka na bia ya ndizi imeiva. Hilo nalo tumenyang'anywa. Kesi ni Jumanne ijayo, na safari hii hakimu ameonya: asipofika mtu na karatasi ya familia, faili litafungwa. Kwa hiyo tunamtaja leo, udongo ukiwa mbichi.

Tulipokaa jana, Gaël, mtoto wake mkubwa, alinikatalia mimi baba yake mkubwa. "Tonton, iyo kesi inamaliza watu moja-moja. Tuiache."

Dada yake Orlane akamjibu: "We baki na woga wako. Mi nitaenda. Muniandike."

Mama yao aliinama. Tukamwandika Orlane.

Marehemu anaacha mjane Daphrose, watoto wawili, Gaël na Orlane, wajukuu wanne na kaka mmoja. Kuanzia leo mdai wa tisa ni Orlane, umri miaka thelathini na minane, mzima wa afya. Ninyi mliosimama hapa ni mashahidi kwamba tumemtoa akiwa hivyo.

Mungu ampumzishe Térence kwa amani, na Orlane asimwite bado.