Waya wa Kilomita Kumi na Tatu

Ndugu waombolezaji, majirani wa Sizyabsk na wenzetu wa bomba la mafuta, anayewasomea haya ni Prokopi, mdogo wa marehemu, aliyepewa kazi hii kwa kuwa ndiye peke yake aliyebaki katika tumbo lao, wala si kwa wema wake.

Marehemu Artemi Rochev alizaliwa tarehe 14 Februari 1951 hapa kijijini, mtoto wa kwanza wa mzee Filaret, mchunga kulungu wa kaskazini, na mama Evdokia, na miaka miwili baadaye akazaliwa Prokopi, akakuta buti za manyoya zimeshavaliwa na sifa zimeshagawiwa. Kuanzia 1958 hadi 1968 marehemu alisoma shule ya bweni, akashika namba moja kila mwaka, na walimu hawakuchoka kumuuliza mdogo wake kama kweli walizaliwa na mama mmoja.

Mwaka 1975 ndugu hawa wawili waliajiriwa kutembea kandokando ya bomba, Prokopi nyumba ya kilomita 118, marehemu ya kilomita 131, nyumba yenye kisima na bafu la mvuke, na mdogo mtu hadi leo hajui ni kwa nini kisima hakikuchimbwa kwake. Wenzetu wanajua kwamba mafuta ghafi ya huku yana nta nyingi, hupashwa moto ndipo yasukumwe kusini, na nta inayoganda ndani hukwanguliwa na chombo kinachosafiri na mafuta yenyewe, na kikikwama mahali, hasa Januari, bomba zima huweza kuganda. Kwa hiyo kila mtembezi husimama kwake, hubana fimbo kati ya bomba na sikio, na akikisikia kinapita humpigia simu wa mbele yake, "Kimepita kwangu," na wa mbele naye hutoka kukipokea. Hapakuwa na sikio kama la Artemi, mkuu wa kituo alisema hivyo kila sikukuu, na Prokopi alipiga makofi pamoja na wengine.

Tarehe 7 Novemba 1976 marehemu alifunga ndoa na Agniya, tuliye naye hapa, ambaye Prokopi ndiye aliyemleta nyumbani kumwonyesha kwa mama, akala mkate wa samaki, akamwona Artemi, na habari ya Prokopi ikaishia mezani. Walijaliwa watoto wawili, Varvara na Mitrofan, na Prokopi hakuoa, akabaki na wivu uliomkaa kama mwiba wa samaki kooni, akimcheka kila mtu aliyemsifu kaka yake.

Tarehe 9 Januari 1986, siku tatu baada ya picha ya marehemu kubandikwa kituoni kama mfanyakazi bora, chombo kilipita kilomita 118 saa tano asubuhi, na simu haikupigwa, ili safari hii sikio lile lipitwe na jina lianguke. Lakini Artemi, aliyejua chombo kiko njiani, alipoona simu imechelewa alitoka mwenyewe akasimama kwenye baridi ya nyuzi arobaini chini ya sifuri hadi saa tisa, akakisikia, akampigia wa mbele yake, kisha akavaa skii, mbao za kutelezea thelujini, akarudi nyuma kilomita kumi na tatu kumtafuta mdogo wake, akidhani ameganda kando ya bomba. Alimkuta karibu na jiko, anakula maandazi ya viazi.

"Mdogo wangu, kumbe u mzima," alisema, akakaa chini akalia, na Prokopi akamwambia waya wa simu umekatika.

Marehemu alipoteza vidole vitatu vya mguu, kifua chake hakikupona tangu siku ile, na kituoni aliandikisha kwamba waya ulikatwa na theluji. Alistaafu 2006, akalazwa mara nne, na akafariki tarehe 3 Machi 2019, saa mbili asubuhi, Agniya akiwa amemshika mkono.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, wenzetu wa kituo, na majirani waliowasha moto siku mbili mfululizo ili ardhi ilegee kaburi lichimbike. Karatasi hii iliishia hapo, ila asubuhi hii Agniya aliisoma akanirudishia, akasema, "Shemeji, na sehemu ya waya uisome, usiiruke. Yeye alijua."

Alijua, kwa sababu njia ya skii inapita chini ya waya ule, na kilomita zote kumi na tatu aliuona juu ya kichwa chake, mzima, kutoka mlangoni kwake hadi mlangoni kwangu. Alikaa na siri hiyo miaka thelathini na mitatu, na kila Pasaka alinikatia mimi kwanza mkate wa samaki, nami nikamwonea wivu hata kwa hilo.

Kaka, waya ulikuwa mzima, ni mimi ambaye sikupiga. Kimepita kwangu, saa tano asubuhi. Usitoke tena kunitafuta, pumzika kwa amani.