Mpishi Aliyeongoza Umati

Mgeni Rasmi, Mheshimiwa Balozi. Maafisa wa Ubalozi. Wenzetu wa jikoni, bustanini, gereji na getini. Mabibi na mabwana, amani iwe kwenu.

KARIBU

Mheshimiwa, kumkaribisha mwenye nyumba ni kazi yenye aibu kidogo, lakini mabalozi wengi wametukuta hapa na kutuacha, kwa hiyo pokea karibu yetu bila wasiwasi. Tumefurahi kwamba leo unalifungua upya jengo hili. Tumefurahi zaidi kwamba wiki yako ya kwanza tu ulishuka mpaka jikoni, ukafunua sufuria, ukauliza, "Huyu mpishi wenu wa zamani yuko wapi?" Siku ile kila mtu alitazama viatu vyake. Leo tumejikaza tukujibu. Msomaji wa risala ni dereva wako. Tumemchagua kwa sababu amezoea kupita kwenye matuta bila kumwaga chai ya mtu.

HISTORIA FUPI

Mpishi huyo tunamwita Mama Mwiko. Alianza kazi hapa wanawe wakiwa mgongoni, na sasa ni bibi. Sauti yake ni ya mtu aliyeshindana na sufuria maisha yake yote. Akisema chakula kiko tayari, hata jirani wa nyumba ya pili hunawa mikono.

Sauti hiyo ndiyo iliyompa kazi ya pili. Kila lilipofanyika zoezi la dharura, maafisa walikimbilia chumba salama, kile chenye mlango wa chuma mwisho wa korido, nasi wenyeji tulipewa kuigiza wavamizi. Tulipiga kelele, tukarusha makaratasi yaliyofinyangwa, Mama Mwiko akiwa mbele yetu na mwiko wake juu. Mwisho alitakiwa abishe kwenye mlango ule na kusihi, "Fungueni, ni mimi mpishi wenu." Waliokuwa ndani walifundishwa wasifungue, hata sauti iwe ya nani. Tulikuwa tukicheka mpaka mbavu zinauma. Baadaye tunapewa soda, na afisa usalama anasema mama huyu kapotea njia, alistahili kuwa mwigizaji.

SIKU YENYEWE

Kisha ikaja siku ambayo haikuwa zoezi. Umati ulikuja na hasira zake, za haki au zisizo za haki, hayo hatutayaamua sisi. Mawe yalivuka ukuta, geti likaanguka, mlinzi wetu akavunjika mkono. King'ora kikalia, maafisa wakaingia chumbani, mlango ukafungwa. Wengi wetu tuliruka ukuta wa nyuma. Mama Mwiko magoti yake si ya kuruka ukuta. Alikwenda koridoni akabisha. "Fungueni, ni mimi mpishi wenu."

Maneno yaleyale, Mheshimiwa, na sauti ileile. Hatuwalaumu waliokuwa ndani, walifanya walichofundishwa. Lakini yeye alibaki pale, kiganja kwenye chuma, akisikia vioo vinavunjika nyuma yake. Anasema aliogopa mpaka akasahau jina la mjukuu wake.

Wavamizi wakamkuta hapo. Alijua wakiutazama sana mlango ule watauliza umeficha nani. Basi akafanya kazi aliyoizoea. Akainua mwiko, akapaza sauti kuwashinda wote: "Huku hakuna kitu, ni makabati ya mafaili tu. Nifuateni mimi." Nao wakamfuata. Akawapitisha jikoni, akawafungulia ghala lake, wakabeba unga, mafuta na sukari kadiri walivyoweza. Mtu mwenye gunia la unga kichwani hana mkono wa kurushia jiwe. Wakatokea mlango wa uani, yeye mbele, na hakuna aliyekumbuka korido tena.

MAFANIKIO

Maafisa wote walitoka wazima. Ukuta umeinuliwa, geti ni jipya, bustani imechipua. Mkono wa mlinzi umeunga, ingawa yeye anadai siku hizi unatabiri mvua.

CHANGAMOTO

Changamoto yetu ni kamera. Kamera ya koridoni inaona lakini haisikii. Ilichoona ni mama mwenye mwiko juu, amewatangulia wavamizi. Aliitwa, akaulizwa, akajibu ukweli, akaambiwa asubiri uchunguzi, na kitambulisho chake cha kuingilia kikachukuliwa. Anasubiri mpaka leo. Mtaani kwake wanamwita mtu wa Ubalozi. Ubalozini anaitwa mtu wa umati. Sasa, Mheshimiwa, huyu mama akae wapi?

Aliyeisikia sauti yake yupo. Ni afisa wa viza, aliyekuwa ndani siku ile, sikio lake limebanwa mlangoni. Alisikia kubisha, kisha akasikia "nifuateni mimi" na vishindo vikienda mbali. Amekaa na hilo moyoni muda mrefu. Leo utamwona ameketi upande wetu, na yuko tayari kusema.

Tulipomtembelea Mama Mwiko alitumiminia chai kwanza, ndipo akasema, "Wanangu, ghala lile nililipanga kwa mikono yangu. Mnadhani haikuniuma kuwafungulia?" Tukamwambia tutaandika risala. Akajibu, "Andikeni, ila msinitie machozi humo. Mkinitia machozi, Balozi atadhani naigiza tena." Tumejitahidi, Mheshimiwa.

MAOMBI

Tunaomba chumba salama kipangwe kwa hesabu ya watu wote wa jengo hili, na sisi tukiwemo.

Tunaomba pia, katika zoezi la kesho kutwa, zamu ibadilike. Maafisa wapige kelele nje, sisi tukae ndani. Makaratasi ya kurusha tutawafinyangia wenyewe, na soda tutanunua.

Ombi la mwisho ndilo lililotuleta. Huenda umeona spika hizi zimeelekezwa getini. Si kosa la fundi. Mama Mwiko amesimama nje ya geti sasa hivi, amevaa aproni safi, na kila neno analisikia. Mlinzi ameshika komeo kwa mkono uleule uliovunjika, na hatutazami sisi, anakutazama wewe. Hatuombi hotuba. Itikia kwa kichwa tu. Dereva atanyamaza hapa kidogo tungoje.

Mwenyezi Mungu aulinde Ubalozi huu, awalinde walio ndani yake na walio mlangoni pake, akupe wewe kazi njema na usingizi mzuri.

Ni sisi, Wafanyakazi Wenyeji wa Ubalozi: madereva, walinzi, wafagizi, watunza bustani, na mpishi wetu, ambaye tumemwandika hapa mwisho ili tukifika kumtaja awe ameshaingia.