Alichosema Delfina Kisimani

Waliokuwepo ni hawa: Battista Gaude, kinyozi, aitwaye Wembe, Luigi Oddone, mpiga piano wa sinema, aitwaye Vidole, na Secondo Vallauri, seremala, ambaye tangu filamu bubu aliyoigiza bintiye Delfina ianze kuonyeshwa walimwita Baba Nyota. Benchi lilikuwa nje ya mkahawa mmoja wa Turin, asubuhi ya Jumatano, tarehe 18 Februari 1914, ukungu wa mto Po haujainuka. Secondo alikuwa ameshika kikombe bila kunywa. Ilikuwa wiki ya tano hajapata barua ya Delfina. Kampuni ya filamu ilimwambia binti yuko mjini Nice, Ufaransa, anapumzika.

— Anapumzika! Kaolewa huyo, — alisema Wembe. — Kapata tajiri wa Kirusi. Usinune, Baba Nyota. Wahenga walisema, mchelea mwana kulia hulia mwenyewe. Basi mwache alie, wewe ukale keki ya harusi.

— Kinyozi, wewe nyoa tu, — alisema Vidole. — Kampuni imemficha. Nyota akipotea, watu hujaa sinema.

— Basi kapelekwa Vienna, anawapeleleza Waaustria! — alisema Wembe.

— Acheni, jamani, — alisema Secondo. — Mwanangu anaogopa hata jogoo.

— Anaogopa? — alisema Vidole. — Si umemwona kisimani kwenye filamu, mzee? Mjomba wake kamfungia humo amrithi, maji yamefika kifuani, midomo inatetemeka, halafu yanakuja maandishi kwenye pazia: “Mjomba, nakusamehe.” Siku ya kwanza nilisahau kupiga piano. Kuigiza kule!

Secondo alitabasamu. Kisima kile cha filamu alikijenga mwenyewe kwa mbao, na filamu alikuwa ameitazama mara nne.

Hapo akaja Celestino Prato, mshona viatu, mgeni mtaani, kiziwi tangu utotoni, aliyefundishwa shuleni kusoma midomo ya watu. Aliitazama midomo ya Vidole, aliyekuwa akirudia habari ya kisima, akatikisa kichwa, akaandika kwenye kibao chake cha chaki. Wembe akasoma kwa sauti:

— “Kwa nini maandishi yanasema anasamehe, na yeye anasema: Nitoeni, siigizi, siisikii miguu yangu?”

Wembe alimrudishia kibao.

Secondo alimgeukia Celestino ili midomo yake ionekane vizuri.

— Alisema mara ngapi?

Celestino alinyoosha vidole vitatu.

Saa nne kasorobo mtawa alifika akimuulizia baba yake Delfina. Delfina Vallauri, umri miaka kumi na tisa, alikufa Jumanne saa kumi alasiri, kwa maradhi ya mapafu, katika hospitali ya watawa, humo humo Turin.