Maisha ya Baudi Mezhiyev, Kipa wa Akiba Aliyetushinda Wote kwa Ubishi

Wazee wetu, ndugu, majirani zetu wa mtaa wa Katayama, na ninyi wanamichezo mliosafiri usiku kucha kuja kukaa nasi, assalamu alaykum. Mimi ni Salambek, mdogo wake marehemu, niliyemfuata kuzaliwa na niliyebishana naye kwa miaka zaidi ya sitini, na familia imeniomba niwasomee maisha yake kwa sababu wengine wote wanalia, nami bado nimemkasirikia.

Marehemu Baudi, mwana wa Usman Mezhiyev na Zaluba, alizaliwa tarehe 3 Februari 1952 karibu na Karaganda, katika nchi ya Kazakhstan, ambako serikali iliwapeleka watu wetu wote kwa nguvu mwaka 1944, akiwa mtoto wa tatu kati ya watano, na mama alikuwa akitusimulia kwamba mkunga aliitwa na kurudishwa nyumbani mara mbili, maana mtoto huyu hakutaka kutoka mpaka alipoona mwenyewe kuwa wakati umefika. Mwaka 1957, tuliporuhusiwa kurudi kwetu, tulipanda treni ya mizigo pamoja na masanduku na mbuzi mmoja, na yeye, akiwa na miaka mitano, alikataa kukaa popote isipokuwa mlangoni.

Alisoma shule ya msingi na ya kati hapa Grozny, kisha chuo cha ufundi wa mafuta alikomaliza mwaka 1970. Baba yetu alikuwa mpiganaji wa mieleka kama baba yake, naye alitarajia Baudi afuate nyayo hizo, lakini huyu bwana akachagua kusimama golini, jambo ambalo baba hakulielewa mpaka anaingia kaburini. Nakumbuka siku baba alipokwenda kumtazama mara ya kwanza, akamwona akijirusha kushoto na kulia kwenye vumbi, wakarudi nyumbani, kisha mezani baba akaweka kijiko chini.

"Katika ukoo huu tunaangusha watu," alisema. "Wewe unajiangusha mwenyewe! Tena hakuna hata aliyekugusa!"

"Baba, naufuata mpira."

"Uache mpira uende zake! Una haja gani nao?"

Kwa desturi yetu kijana hamjibu baba, na Baudi hakujibu, ila kesho yake alirudi na suruali imechanika magoti yote mawili, na jibu lilikuwa ndilo hilo.

Tarehe 1 Aprili 1972 alisajiliwa na timu ya mji akiwa kipa wa pili, na hapo, ndugu zangu, ndipo uchungu wetu ulipoanzia, kwa sababu kipa wa kwanza alikuwa Gennady Lapshin, aliyemwita Gena, Mrusi wa mtaa wa wafanyakazi wa mafuta, ambaye mnamwona amekaa pale karibu na mlango, mtu asiyeugua mafua, asiyeteguka mguu, asiyeoa siku ya mechi. Baudi alikaa benchi misimu kumi na miwili. Timu ya Nalchik ilimtaka, ya Makhachkala ilimtaka ikamwahidi na nyumba, nami nilipanda basi kwenda kumsihi kama mtu anayembembeleza punda kwenye daraja.

"Kaka, huko utacheza kila wiki. Hapa unafanya nini?"

"Gena anacheza vizuri kwa sababu akigeuka ananiona nimekaa pale," alinijibu. "Nikiondoka atavimba kichwa, na timu itaanguka."

Ukimwambia mtu wa namna hiyo kitu, unajiumiza koo bure.

Sasa nisikilizeni habari ya tarehe 18 Septemba 1977. Ijumaa ya wiki ile, mazoezini, Gennady alipiga yowe, akamwonyesha daktari wa timu kidole kimevimba, ikasemekana kimevunjika, na Jumapili ilikuwa mechi kubwa, timu ya Kuban imekuja, uwanja umejaa. Baudi hakuwepo. Alikuwa amepanda milimani, Shatoy, kwa msiba wa bibi wa jirani yetu, na mkurugenzi wa timu akatuma gari lake mwenyewe, nami nikiwa ndani yake kama mwongoza njia, tukamkuta yumo ndani ya kaburi na koleo.

"Baudi, toka! Unacheza leo!"

"Kaburi halijaisha."

"Watu wapo hapa, watalimaliza!"

"Nililianza mimi," akasema, akaendelea kutupa udongo juu ya viatu vyangu.

Alifika uwanjani wakati wa mapumziko, mchanga bado uko kwenye kucha, timu imekwisha kufungwa matatu kwa sababu mchezaji mmoja wa kiungo alivalishwa glovu kwa lazima, na kipindi cha pili hakuna kilichopita. Aliokoa penalti, aliokoa mpira wa kichwa ambao mpaka leo sijui aliufikia vipi, watu walisimama. Lakini tulifungwa tatu kwa sifuri, na hakuna anayekumbuka nusu ya mechi.

Tarehe 6 Oktoba 1979 alimwoa Birlant Dadayeva, aliyekuwa akifanya kazi katika kiwanda cha mikate. Kama mjuavyo, kwetu bwana harusi hujificha siku za harusi yake asionekane na wakubwa, na Baudi alijificha kwa Gennady, ila harusi ilipokwisha na wageni wakaondoka, bwana harusi hakurudi, kwa kuwa kwa Gennady kulikuwa na televisheni na kwenye televisheni kulikuwa na mechi. Mungu aliwajalia watoto watatu, Yakha mwaka 1980, Imran mwaka 1983 na Kheda mwaka 1988, na shemeji yetu Birlant, ambaye kwa heshima hajawahi kulitaja jina la mumewe mbele yetu, alikuwa akimwita "huyo wenu", na hasa akikasirika alikuwa akilivuta hilo "wenu" mpaka sote tunaona aibu.

Mwaka 1984 alistaafu kucheza akawa kocha wa vijana katika shule ya michezo. Alifukuzwa, akarudishwa, akafukuzwa tena, kwa kosa lilelile la kumwambia mkubwa wake kuwa hajui mpira mbele ya wageni wa mkubwa huyo. Washambuliaji wake wote aliwaweka golini wiki nzima kila mwaka, wapigwe mashuti, na wazazi walipokuja kulalamika kuhusu pua zilizovimba aliwaambia nao wavae glovu.

Tarehe 22 Desemba 1994, mabomu yakianguka mjini, nilileta gari mlangoni kwake kuwapeleka Ingushetia, jimbo la jirani. Birlant na watoto wakapanda, ikabaki nafasi ya mtu mmoja aliyejibana. Akasimama na mikono mfukoni.

"Gena yuko na mama yake, na mama hatembei," alisema. "Nendeni. Nitakuja kesho."

"Kesho ipi, Baudi? Huoni moto ule?"

"Salambek, unapoteza petroli."

Kesho hiyo ilikuja mwezi Machi. Majira yote ya baridi waliishi katika chumba cha chini ya jengo, yeye, Gennady na mama Klavdia, na humo ndimo Gennady alipomkiria kwamba kile kidole cha mwaka 1977 hakikuvunjika, alikipiga kwa nyundo kidogo tu kivimbe, ili rafiki yake apate mechi yake moja kubwa kabla hajazeekea benchi. Mtu mwingine angemkumbatia. Baudi alikasirika, akasema kwa mchezo huo timu ilipoteza pointi, akaacha kuzungumza naye, ndani ya chumba ambamo mkinyoosha miguu inagusana, huku juu ghorofa zinaporomoka. "Mama Klavdia, mwambie mwanao anipe chumvi." "Mama, mwambie huyo kwamba chumvi imekwisha." Mwanamke mzima, miaka themanini, amekuwa simu ya watu wawili, mpaka alipowaambia asipowasikia wakizungumza atatoka nje akafie barabarani kwenye hewa safi.

Walifika Nazran, huko Ingushetia, wakimvuta mama huyo juu ya kigari cha mbao. Birlant alikuwa amekwisha kumlilia mumewe kama maiti. Alitandika meza, akampakulia mama Klavdia, akampakulia Gennady, akatupakulia sisi sote, kisha akatoka na sufuria, na Baudi akala mabaki ya mkate, na kwa mara ya kwanza maishani hakubisha.

Baada ya vita vya pili, vilivyotukimbiza tena, tulirudi, mwaka 2002, na uwanja wa mazoezi ulikuwa bado umezungushiwa utepe kwa sababu ya mabomu ya ardhini. Wategua mabomu waliahidi kuja, hawakuja. Asubuhi ya tarehe 14 Mei niliitwa mbio, nikamkuta anatembea katikati ya uwanja na fimbo, kutoka goli hadi goli.

"Baudi! Rudi!"

"Nirudi vipi? Nimekwisha kufika kati. Mbele na nyuma ni sawa!"

"Una mke! Una watoto!"

"Basi usinipigie kelele, nisije nikaruka!"

Alivuka. Nilitaka kumpiga kofi, mkubwa wangu, Mungu anisamehe. Wiki iliyofuata wategua mabomu walikuja kwa aibu, wakatoa mawili, moja kando ya nyayo zake, na jioni hiyo nilimwona ameiacha chai yake mpaka ikapoa, akasema ni ya moto. Msimsifu kwa jambo hilo, enyi vijana. Ulikuwa upumbavu. Lakini kwenye uwanja huo wamefundishwa wengi wenu mliokaa hapa.

Mwaka 2017 aligundulika na ugonjwa wa moyo, akakatazwa kupiga kelele, akanunua ndoo ya bati akawa anaigonga. Alilazwa tarehe 20 Februari mwaka huu, akafariki jana, Jumamosi tarehe 9 Machi 2019, baada ya sala ya alfajiri, na tukamzika jana hiyohiyo. Ameacha mjane, watoto watatu na wajukuu saba.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya moyo, tunawaomba radhi kwa maneno aliyowaambia, tunawashukuru majirani mliochinja na kupika, makocha wenzake, na Gennady aliyekuja kwa basi kutoka Stavropol.

Limebaki jambo moja. Vijana wake wana mechi leo saa tisa alasiri, naye kitandani alimwagiza Imran kwamba wacheze, msiba au hakuna msiba. Wazee wamesema ni aibu, na mimi nakubaliana na wazee, nilikuwa na maneno yangu yote tayari. Lakini tangu nianze kusoma nimekuwa nikinyamaza kila baada ya sentensi, nikingoja anikatize, aseme si Mei, ilikuwa Juni, na hakuna aliyenikatiza. Nimemshinda leo, ndugu zangu, na ushindi huu siutaki.

Vijana, nendeni mkacheze.

Nawe tulia sasa, kaka, Mungu akusamehe na akupe amani.