Tarishi Mlevi wa Mzee Endeli

Tarehe 18 Desemba 2021, Mzee Endel Kuusma, ambaye sisi tunamwita Endeli, anastaafu baada ya miaka arobaini na mitano ya kuandika filamu: thelathini kwao Estonia, na kumi na tano katika kikundi chetu cha filamu cha wahamiaji wa Kiswahili hapa ugenini, Blacktown. Katikati alikuwa anapakia biskuti kiwandani Villawood. Ana miaka themanini na tatu na bado anawaamkia watoto wetu shikamoo. Nao, ambao kila kitu hujibu kwa Kiingereza, kwake tu huitikia marahaba, tena kwa kiburi cha machifu.

Enzi za Muungano wa Kisovieti, kila skripti ilipita mbele ya kamati yenye mkasi. Endeli si mjinga. Katika kila filamu alimtia tarishi mlevi mwenye barua mkononi, anayeimba na kuanguka mlangoni. Kamati ilipandwa na hasira, ikamfyeka tarishi, ikaridhika, na yale ambayo Endeli aliyataka hasa yakapita salama. Filamu kumi na moja, na tarishi hakufikisha barua hata moja. Endeli alimwonea huruma sana, maana alimpenda.

Mwaka huu, tukiwa tumefungiwa majumbani kwa korona, aliandika juu ya mama anayemuaga mumewe hospitalini kwa simu. Tulihofia wazee wa kamati yetu, watu wa kanisa, wangelikata onyesho lile. Kidonda kilikuwa kibichi. Basi Endeli akamtuma tarishi wake akakatwe tena.

Kikao kilikuwa cha Zoom. Mwenyekiti wetu, Mama Katungu, alikuwa amemzika mumewe Agosti, naye alimuaga kwa simu vilevile. Alisoma skripti hadi mwisho. Mimi nilizima kamera nisionekane nikilia. Mara, jamani, Mama Katungu akaangua kicheko! Akasema hajacheka tangu msiba. Onyesho la simu libaki, na yule mlevi asiguswe na mtu.

Endeli alichanganyikiwa. Miaka yote hiyo hakuwahi kumtafutia tarishi mwigizaji! Siku ya kurekodi, korona ilipolegea, tukamvika kofia ya tarishi yeye mwenyewe, tukatandika godoro la kuangukia. Aliimba Kiestonia, akaanguka mara sita kwa madoido, kisha akainuka akamkabidhi Mama Katungu barua. Endeli akalia kama mtoto, nasi tukacheka mpaka mbavu zikauma.

Asante, Mzee wetu. Nenda kale, kalale, kafurahi na wajukuu. Mungu akuzidishie siku. Barua imefika. Na leo, tafadhali, usitutangulie: shikamoo, Mzee.

Concilie Habonimana, mpiga kamera