Hakupenda Kauli ya Kutendwa

Marehemu, ambaye wengi wenu mlimwita Bibi Harusi hata alipokuwa na wajukuu, alizaliwa Ijumaa, tarehe 9 Machi 1951, katika chumba cha nyuma cha duka la baba yake, fundi viatu. Mama yake alikuwa mfuaji wa shuka za hospitali. Alikuwa mtoto wa tatu kati ya watano. Kuzaliwa, alizoea kusema, ndilo jambo la mwisho alilotendewa bila kuulizwa.

Alianza shule ya msingi mwaka 1959 na kumaliza kidato cha nne mwaka 1970, katika shule ya wasichana. Alikuwa hodari wa ushonaji na mtihani kwa walimu. Siku ya somo la kauli za vitenzi, mwalimu aliandika ubaoni: mwanamume anaoa, mwanamke anaolewa. Marehemu akanyoosha mkono.

“Mwalimu, na kama mwanamume amekaa tu?”

“Amekaa vipi?”

“Amekaa tu, mwalimu. Kama gunia.”

Kipindi kilichobaki alikimalizia nje, chini ya mlingoti wa bendera, bila majuto.

Mwaka 1972 aliajiriwa kushona mavazi katika ukumbi wa maigizo. Mchezo uliowalisha pale ulitokana na riwaya ya kale ya mahaba na majinamizi: binti maskini anaingia kwenye jumba bovu lililojaa popo, anampenda bwana mwenye jumba, kisha anagundua kwamba bwana hana kivuli. Watu waliijua kwa moyo. Ukitaka kumpita mtu kwenye foleni ya maji, alikukazia macho: “Mshumaa uzime, mimi siondoki!” Mpangaji akidaiwa chumba, alimjibu mwenye nyumba: “Jumba likianguka, liniangukie nimekaa.” Lakini mstari mkuu, uliowaliza hata wakata tiketi, ulikuwa huu: “Niolewe nawe, hata kama huna kivuli.”

Mwaka 1976 mwigizaji mkuu alipata matubwitubwi, mashavu yakamvimba, na gauni halikumwenea mwingine ila aliyelishona. Marehemu akapanda jukwaani. Ulipofika mstari wenyewe, woga ukamparaganyia kitenzi, akatamka kwa sauti ya mtu anayeita teksi:

“Nitakuoa, hata kama huna kivuli!”

Mama mmoja wa viti vya nyuma akapaza sauti: “Muoe, mwanangu, muoe!” Fundi taa akacheka mpaka kiwiko chake kikaisukuma taa, na yule bwana asiye na kivuli akapata kivuli kikubwa kama lori, ukuta mzima.

Mwongozaji wa mchezo alimsubiri nyuma ya pazia, amefura.

“Mwanamke haoi! Umekosea!”

“Leo nimekosea,” alisema marehemu. “Kesho nitafanya makusudi.”

“Basi vua gauni.”

Akavua, akavaa lake, akaondoka bila kuaga. Kesho yake mbadala wake aliutamka mstari sawasawa, kwa sarufi safi kabisa, na ukumbi mzima ukamsahihisha kwa kelele. Wiki haikuisha, mwongozaji alikuwa mlangoni kwa fundi viatu, kofia mkononi, akimwita marehemu “dada yangu”, naye akarudi jukwaani. Tangu hapo mchezo ulitungwa upya mara kadhaa: wenye nyimbo, wa redioni, mpaka ule wa shule ambamo popo walikuwa watoto wa darasa la pili. Kote humo, binti alioa.

Yule fundi taa alipewa onyo kali, na baadaye akapewa swali. Marehemu alimkuta juu ya ngazi, akibadilisha balbu.

“Wewe, nakuoa.”

“Mimi niolewe?”

“Kuna shida?”

“Shida sina. Nguo ya harusi ndiyo sina.”

“Fundi cherehani unamwona hapa.”

Ilikuwa harusi ya Jumamosi, tarehe 12 Novemba 1977. Kaka mkubwa wa bwana harusi, shemeji yetu mpendwa, alitangaza mezani kwamba katika ukoo wao hajawahi kuolewa mwanamume. Marehemu akamjibu, “Karibu, shemeji, ndiyo tumeanza.” Ubishi huo waliulea kwa miaka zaidi ya arobaini, kwa adabu, wakipakuliana chakula.

Mwaka 2019 figo zilianza kumsumbua. Daktari mmoja kijana alimwuliza, “Bibi, umelazwa tangu lini?” Akafumbua jicho moja. “Sijalazwa, mjukuu wangu. Nimelala.” Alifariki tarehe 2 Juni 2023, mchana, mume wake akiwa amemshika mkono. Tumeshauriwa tuseme ametwaliwa. Tulikuwepo, hatukuona wa kumtwaa. Alitutazama wote, akageukia ukutani, akaenda.

Juzi shemeji alipita kwa mpiga chapa wa kijitabu hiki cha mazishi kabla yetu na kuagiza neno moja lirekebishwe, kwa heshima ya ukoo. Tulipopata habari, mgane alikataa kusindikizwa. Alichukua mkongojo wake, akaenda mwenyewe.

“Mzee,” mpiga chapa alimwuliza, “hili ‘alioa’ si kosa la chapa?”

“Ni kosa la mke wangu. Usiliguse.”

Kurasa za ndani zikaokolewa. Ukurasa wa mbele ulikuwa umeshachapwa, na chini ya picha yake mnaona limeandikwa “aliolewa”. Familia inawaomba mtoe kalamu sasa hivi. Asiye nayo ataazimwa na binti za marehemu, wanapita kati ya viti. Futeni herufi tatu zinazofuata o: l, e, w. Neno linalobaki ndilo lake. Shemeji, kalamu yako hiyo anayo mdogo wako. Tutakusubiri.

Marehemu ameacha mume aliyemuoa, mabinti wawili, mwana mmoja, wajukuu watano, dada yake mkubwa, mdogo wake wa mwisho, na shemeji mmoja.

Apumzike kwa amani, akitaka.