Bi Ngoja Aweka Kamera Chini

Mwisho wa mwezi huu Bi Ngoja anastaafu, baada ya miaka thelathini na mitatu ya kupiga picha na kuhariri filamu za maisha halisi. Kwa kuwa muda wote huo alijitegemea, hakukuwa na mwajiri wa kumstaafisha. Alijiandikia ombi, akalitafakari siku chache, akajikubalia. Umoja wetu wa watengeneza filamu, wenye jarida hili na uliompangisha chumba cha uhariri jirani na choo cha ghorofa ya pili, ulipewa taarifa tu.

Jina la Bi Ngoja alilipata kazini. Mtu akimaliza kusema mbele ya kamera, wapiga picha wengi huzima. Yeye huinua kidole kumzuia msaidizi wake, akaiacha kamera iendelee. Anaamini kwamba watu husema la maana wakishadhani wamemaliza. Ndivyo alivyompata mkandarasi aliyeisifu barabara yake vizuri sana, kisha akageuka na kutumbukia shimoni.

Nyumbani hali si tofauti. Binti yake hulalamika kwamba video ya harusi yake imejaa mashangazi wanaovua viatu vilivyowabana, na bwana harusi anaonekana kwa nadra. Mumewe naye amezoea kujibu kwa kifupi, maana akishajibu, mkewe huendelea kumtazama.

Chumbani kwake mna viti viwili, pazia zito na feni inayolalamika. Hotuba ya saa nzima huingia mle ikatoka na urefu wa chafya. Wenye hotuba wamewahi kutuandikia kwa masikitiko. Kutoka kwa watazamaji bado hatujapokea malalamiko.

Filamu yake ya mwisho, kama wasomaji wanavyojua, inahusu wodi mpya ya wazazi. Siku ya ufunguzi, Mwenyekiti wa bodi ya hospitali alikata utepe, akahutubia, akapigiwa makofi kati ya safu mbili za vitanda vinavyong'aa. Kisha akasahau kwamba bado ana kipaza sauti kwenye kola. Jarida limeshauriwa lisiyanukuu maneno yaliyofuata. Tunasema tu kwamba aliwaagiza vijana wapakie vitanda vyote kwenye gari, kwani kesho yake vilikuwa na ufunguzi kwingine.

Mkunga mkuu wa wodi hiyo alikuja chumbani kwa Bi Ngoja mara kadhaa. Wazazi waliolazwa humo walikuwa wakilala chini na watoto wachanga, na kila alipoandika kuomba vitanda alijibiwa kwamba wodi ilishapewa. Hakuwa na ushahidi mwingine zaidi ya filamu.

Mwenyekiti naye alipata habari. Kwa heshima zote alitueleza kwamba ukumbi wa maonyesho ni wa bodi yake, na kwamba akisikika akitoa agizo lile, filamu haitaonyeshwa kabisa. Ujumbe ulipofikishwa ghorofa ya pili, sote tulitarajia ugomvi. Bi Ngoja alijibu hivi: "Mwambieni baba asiwe na wasiwasi. Hatasikika."

Ijumaa iliyopita, kabla ya taa kuzimwa, Mwenyekiti alimshukuru mbele ya wageni kwa kuwa msanii anayesikiliza ushauri. Jarida linathibitisha kwamba ushauri ulifuatwa kikamilifu. Agizo halikusikika, wala sauti nyingine yoyote. Kwenye skrini alionekana Mwenyekiti akinyoosha mkono na midomo ikicheza, kisha vitanda vikatoka mlangoni, kimoja baada ya kingine, kimya, hadi wodi ikabaki sakafu tupu na mkunga amesimama katikati. Bi Ngoja, aliyezikata hotuba za watu maisha yake yote, hapo hakukata hata kidogo. Ukumbini palisikika kiti cha mstari wa mbele tu, kikilia.

Jumatatu vitanda vilirejea wodini. Taarifa ya hospitali inaeleza kwamba vilikuwa kwenye matengenezo, na jarida hili halina sababu ya kutilia shaka. Mkunga ametuomba tuongeze kwamba sasa vyote vina watu.

Bi Ngoja, asante kwa kazi yako, na kwa chumba ulichokirudisha kikiwa safi kuliko tulivyokupa. Tunakuombea afya, usingizi wa kutosha, na siku nyingi zisizo na mtu wa kukuelekeza cha kukata.